Mfasiri na Maji ya Shaba

Mtu niliyemjua kwa sauti kabla ya kumjua kwa sura ni mmoja tu, naye ndiye yule ambaye mji wetu mzima wa Baraka, kando ya ziwa, ulimwita Mfasiri. Cherehani yangu ilikaa chini ya upenu wa sale ya video, nyumba ya mbao yenye televisheni, mabenchi na jenereta ya kukohoa. Mimi niliegemea ukuta kwa nje. Yeye alisimama kwa ndani, kando ya televisheni, akiwaeleza watazamaji kwa Kiswahili filamu zilizokuja kwa lugha ambazo hakuna kati yetu aliyezijua. Kwa miaka mingi nilisikia filamu bila kuziona. Nilishona sketi za shule na vitenge vya harusi huku nikisikia wafalme wakisalitiwa na ndugu zao, na mshono ukienda upande, kosa lilikuwa lake.

Nimesema mbele ya watu, tena kwa hasira, kwamba sauti ile ndiyo iliyomuua mama yangu. Nimesema msibani, nimesema sokoni mbele ya mafungu ya samaki wa ndagala, nimesema kanisani mpaka mchungaji akaniomba ninyamaze. Sijaifuta kauli hiyo. Lakini nikitaka kumhukumu kwa haki lazima nimweke hapa mzima, na vituko vyake vyote, kisha nione kama bado nina mdomo wa kusema vile.

Basi, lugha hakuzijua. Hilo tulilijua sote, na lilikuwa sehemu ya utamu. Kifaransa cha shule alikuwa nacho, Kibembe cha nyumbani, Kiswahili cha kwetu, zaidi ya hapo hola. Siku moja mfanyabiashara mmoja aliyewahi kufika mbali kununua simu alisimama katikati ya filamu ya Kihindi akamkatiza: "Baba, pale hajasema vile." Nikasikia kijiti ambacho Mfasiri alionyeshea picha kikigonga sakafu.

"We umesikia na masikio," alisema. "Mi ninasoma sura. Masikio bantu banaidanganyaka. Sura, mutu atadanganya nayo mupaka wapi?"

Watu walicheka, yule mfanyabiashara akaambiwa akae au atoke. Akakaa.

Njia yake ya kazi ilikuwa hiyo. Filamu mpya ikifika, aliitazama kwanza asubuhi, peke yake, sauti ikiwa imezimwa. Patron, mwenye sale, alinung'unika kwamba mafuta ya jenereta yanaungua bure, naye alijibu kwamba sauti inamchanganya. Aliangalia mikono. "Mukono inasemaka mbele ya mudomo," alipenda kusema, na mara nyingi haukumdanganya. Mimi mwenyewe aliwahi kunipita asubuhi, akaniona ninavyoweka makasi mezani, akaniuliza: "Mama mushonaji, bwana amefanya nini tena?" Alikuwa amefanya kweli, na sikuwa nimemwambia mtu.

Vituko vyake vilijaa gunia. Alivaa koti zito la sufu katika joto la Baraka, na jasho likimtiririka hakulivua. Alisukutua maji ya chumvi kabla ya kila filamu, na ile gruu-gruu yake ndiyo iliyokuwa kengele yangu ya kujua kwamba kazi inaanza. Kila msichana mzuri katika filamu aliitwa Furaha, awe wa nchi gani. Kila mtu mwenye tamaa alikuwa ametoka Lulimba kuchimba dhahabu, na wateja wa Lulimba walipolalamika, aliwapa mwovu mmoja wa kutoka Uvira, kwa kuwabembeleza. Kila mwenye bunduki alikuwa Komanda. Huyo hakumbadilisha kamwe.

Na wafu. Hapa ndipo nimekuwa nikirudi kila nikimfikiria.

Mfasiri hakuwahi kusema kwamba mtu amekufa. Mtu akipigwa risasi, sauti yake ilinyamaza, tukabaki na milio tu. Kisha aliendelea kwa upole: "Huyu amevuka. Sasa hivi iko Kigoma." Vijana waliona ni kichekesho. Komanda akiinua bunduki, benchi zima liliimba "Kigoma! Kigoma!" kwa kupiga miguu, mpaka mbao zilitikisika mgongoni mwangu. Wazee hawakuimba. Ng'ambo ya ziwa ndiko tulikokimbilia wengi wetu wakati wa vita, na wengi walirudi. Mfasiri alikuja kwetu kutoka upande wa Makobola, ambako vita vilipita vibaya, na katika miaka yote ile hakuna ndugu yake aliyekuja kumtembelea, wala yeye hakwenda. Hatukumuuliza. Kwetu kuna maswali ambayo huyaulizi mpaka mwenyewe avute kiti aanze.

Hata katika misiba ya kweli alikuwa hivyohivyo. Jirani yake mshona nyavu alipofariki, Mfasiri alimwambia mjane, "Mama, ameenda kutafuta nyavu ya bei nzuri kule." Mjane yule alicheka na machozi yakimtoka. Wakati ule niliona ni tabia tamu. Baadaye niliiona kama shimo lililofunikwa kwa majani.

Kitu kingine: aliishi kwa kubuni, lakini uongo ulimuumiza tumbo. Patron alipoandika ubaoni kwamba filamu ni mpya ilhali ilikuwa imeonyeshwa mpaka imechakaa, Mfasiri aliifuta kwa mkono wa koti lake. "Mi ninasemaka tu kile naona," alisema. Aliamini hivyo. Nadhani hapo ndipo hatari ilipokaa, kwa sababu mwongo anayejijua huwa anaacha mlango wa kutokea.

Tena hakunywa maji. Alikunywa chai tu, iliyochemka mpaka ikawa nyeusi, kutoka kwenye birika lake mwenyewe. "Maji ya ziwa ni ya kunawa," alisema. Nawaomba mlikumbuke hilo birika.

Mfululizo wa vipindi ulioleta yote haya ulikuja pamoja na mzigo wa filamu ambao patron alijaziwa huko Uvira. Vijana waliukataa siku ya kwanza. Hapakuwa na ngumi wala nyimbo za kukimbizana kwenye maua. Kulikuwa na mwanamume mwenye shuka jeupe kiunoni, anatembea katika vijiji vya kale, anauliza wazee kwa nini wanafanya wanayofanya. Kisha anaenda kwa mwanamke mwenye koti la maabara, huyo anainamia hadubini, anatikisa kichwa, anatabasamu. Hivyo ndivyo nilivyosimuliwa. Patron alitaka kuufuta. Mfasiri akamwambia, "Ukifuta hii, nafuta miguu yangu hapa." Wakapatana aeleze vipindi hivyo Alhamisi alasiri, kwa watu wazima.

Wakaja akina mama na vigoda vyao. Mama yangu, aliyekuwa akiita sale ile tundu la shetani, alikuja na kanga safi na bangili yake ya shaba mkononi, akanipita mimi bintiye bila kunitazama usoni.

Kutoka nyuma ya mbao nilisikia kipindi cha kwanza. "Huyu mama anaamka mbele ya jua," Mfasiri alisema. "Anachora mbele ya mulango na unga. Anachora nini? Anaambia bajirani: niko muzima, nimeamuka. Siku hakuna kuchora, bajirani, mukimbie, mumwangalie." Nikasikia akisogea. "Sasa dokta mwanamuke anaangalia mu mashini yake. Anasema: bazee balikuwa na haki." Kijiti kikagonga. "Mumesikia? Balikuwa na haki! Bibi zetu pia, hakuna mutu alikuja na mashini kubauliza."

Vigelegele vikalipuka mpaka jenereta haikusikika. Mimi nilisimamisha cherehani na nikalia, sioni aibu kusema. Maisha yangu yote watu wa nje wamekuja wilaya yetu ya Fizi kutuhesabu, kutupa maturubai na kutufundisha kunawa mikono. Hakuna aliyekuja kusema kwamba nyanya zetu walijua kitu. Sasa mtu wa nchi ya mbali amesema, kwa mdomo wa Mfasiri wetu.

Unga ni chakula, kwa hiyo wanawake wa mtaa wetu walianza kuchora kwa majivu. Kila asubuhi mama alichora mlangoni kwake mfupa wa samaki, mrefu, na vimiba pande zote. Kwangu ni nyumba ya nne kutoka kwake. Nilikuwa nikipita kwenda kazini, naona mfupa, nasema moyoni: haya, ameamka.

Kipindi cha maji kilikuja mvua zilipoanza kunyesha vibaya. Ziwa lilikuwa limebadilika rangi pale mto Mutambala unapoingia, na maji yalileta kila kilichokuwa vyooni na mashambani. Kolera, yaani kipindupindu, si mgeni kwetu. Hupotea, hurudi, kama mtu anayejua mlango. Penye mchoto wa maji pale ufukweni walisimama watu wa klori na mabomba yao ya sindano, wakitia dawa katika kila bidoni, dumu la maji, na wanawake waliipitisha bidoni kwao wakikunja pua.

"Banaweka maji mu chungu ya shaba," nilimsikia Mfasiri akisema. "Mwezi inapita juu ya nyumba. Jua inatoka. Ni kusema usiku, muchana, saa yoyote, we kunywa tu! Sasa dokta anaangalia. Ona badudu banacheza mu maji. Ona tena: banacheza pole. Ona tena." Akanyamaza, kama kawaida yake. "Bamevuka. Badudu bote bako Kigoma!"

Sale ilivunjika kwa kicheko. Na mimi nilicheka, peke yangu, paji la uso likiwa juu ya cherehani.

Vyungu vya shaba hatukuwa navyo. Lakini tulikuwa na bangili za milinga, shaba nyekundu ambayo nyanya zetu walivaa na kurithishana. Mfasiri hakusema mtu atie bangili ndani ya bidoni. Hakuwa na haja ya kusema. Wiki ile ile watu wa klori walianza kulalamika kwamba wanawake wanawapita bila kusimama.

Muuguzi mmoja wa hospitali alikuja sale kumgombeza. Nilisikia yote. Mfasiri alimsikiliza, kisha Alhamisi iliyofuata, kabla ya kipindi, akatangaza: "Muganga anasema muendelee na klori." Alisema kweli, siwezi kumnyima hilo. Lakini alisema kama mtu anayesoma tangazo la kodi. Akisema ya kwenye televisheni, tulimwamini. Akisema yake mwenyewe, tulingoja televisheni iwashwe.

Nilimwendea mama.

"Mama, pitisha bidoni kwa batu ya klori. Kolera imeingia ku mtaa wa chini."

"Klori inanuka hospitali," alijibu huku akigeuza samaki wa mikeke juu ya moto. "Hii yangu inanuka bibi yako."

"Mama, Mfasiri mwenyewe anakunywaka chai!"

"Kila mutu na kinywaji yake, mwanangu. We shona."

Bidoni ilikuwa nyuma yake. Nikaitikisa kidogo, na bangili ikalia ndani, kling. Ilikuwa ya mama mkwe wake, aliyovishwa siku alipoingia katika ukoo wetu. Ningeweza kumwaga yale maji. Lakini humwagi maji ya mama yako mbele yake, kwetu haifanywi, na mama yangu hakuwa mtu wa kujaribiwa. Nikarudi kwenye cherehani yangu.

Mahema meupe yakainuka karibu na hospitali. Pikipiki zilipita na wagonjwa waliofungwa kwa kitenge kwa dereva ili wasianguke. Sale ilipungua watu, lakini Alhamisi ile gruu-gruu ya chumvi ilisikika bado.

Kisha ikaja asubuhi ambayo mlangoni kwa mama hapakuwa na mfupa wa samaki. Udongo ulikuwa mtupu, umelowa mvua, na kuku wa jirani anaparura pale pale ambapo majivu yalikuwa yanakaa. Nilikimbia kabla sijajua kwamba nakimbia. Nilimkuta sakafuni, macho yameingia ndani, ngozi ya mikono imekunjamana kama ya mtu aliyefua siku nzima. Alinitambua. "Nilitaka kuchora," alisema. Tulimpandisha kwenye pikipiki, dereva mbele, mimi nyuma, yeye katikati yetu, mwepesi. Wauguzi walimtundikia maji, wakatundika mengine. Alasiri alikuwa amekwisha.

Mfasiri alikuja msibani na koti lake. Alipiga goti mbele yangu, akafungua kinywa, nami nilijua kinachokuja.

"Mama amevuka..."

"Funga kinywa!" nilipiga kelele mpaka akina mama wakanishika. "Haiko Kigoma! Iko mu kile chumba, amelala, na ni we ulimuua! We na chai yako!"

Aliinuka akatoka. Siku zile zile aliondoka Baraka, akapanda milimani, Fizi mjini. Patron alinunua spika kubwa na filamu ambazo zilikwisha kutiwa maneno huko zilikotoka. Nyuma ya mbao sasa kulikuwa na kelele, lakini hakuna mtu aliyekuwa ananiambia chochote.

Yangeishia hapo. Lakini siku moja, misimu kadhaa baadaye, nilikuwa nangoja simu yangu kwenye kibanda cha kuchajia na kujaza nyimbo, na kijana mwenye kibanda alikuwa anatazama kitu chake. Nikasikia zumari, na ngoma ndogo mbili, na sauti ya mwanamke anayezungumza polepole. Sura yake sikuwahi kuiona. Ile sauti niliijua kwa sikio, kama mtu anayetambua mguu wa jirani kwa jinsi unavyokanyaga. Vilikuwa vile vipindi vya Alhamisi, ila hivi vilikuwa na maandishi ya Kifaransa chini ya picha.

Nililipia vyote vijazwe kwenye simu yangu. Nikajifungia ndani nikatazama. Ndipo nilipojua kwamba watu wale tuliowaita Wahindi tu wanaitwa Watamil, wa kusini kabisa mwa India, na lugha yao ni ya kale na wanaionea fahari. Na yule mama anayechora mlangoni? Anachora kwa unga wa mchele ili sisimizi na ndege nao wale. Na nyumba yenye msiba, mlangoni hawachori. Mfasiri alikuwa amekaribia mno, na hakujua hata neno moja.

Kisha kile cha maji. Chungu, mwezi, jua. Maandishi yalisema: funika, acha usiku kucha, mpaka asubuhi, ndipo unywe. Mwezi na jua havikuwa saa yoyote. Vilikuwa ni kungoja.

Nilimpelekea muuguzi aone. Alitikisa kichwa. Alisema hata usiku kucha, bangili moja ndani ya bidoni si chungu cha shaba, na kwamba televisheni si hospitali, klori ni klori. Sikujali. Nilikuwa nimepata kosa, limeandikwa, na nilitaka kumwekea Mfasiri mbele ya macho yake anayoyaamini sana. Nikapanda pikipiki kwenda Fizi.

Nilimkuta nje ya chumba alichopanga, amekaa juu ya kigoda, amekonda. Koti lilionekana ndani, limetundikwa ukutani. Bila koti alikuwa mzee mdogo wa kawaida. Aliniona jinsi ninavyoshuka kwenye pikipiki, na nadhani alisoma yote.

"Karibu, mama mushonaji." Akanimiminia maji katika kikombe. "Iko na klori," alisema haraka. "Nimetia mi mwenyewe."

Sikunywa. Nilimpa simu. Alizima sauti kwanza, kama zamani. Alitazama chungu. Alitazama mwezi ukipita, jua likitoka. Akanirudishia, kidole chake juu ya maandishi. "Macho yangu haisomi tena bidogo bidogo. Nisomee."

Nilimsomea.

"Usiku kucha," alirudia.

"We ulisema saa yoyote."

"Nilisema saa yoyote."

"Na we ulikuwaka unakunywa chai."

"Nilikuwaka na woga ya maji, tangu Makobola. Maji ya kule, niliona kile kilikuwa ndani." Akafuta mdomo. "Nilifikiri ni woga yangu tu. Nilifikiri batu bengine banaweza kunywa."

Akaniomba nianzishe kipindi upya na niegemeze simu kwenye birika lake la chai. Kisha akaingia ndani, akavaa koti, akachukua kijiti, akasimama kando ya kile kioo kidogo kama alivyosimama miaka yote kwa upande nisiouona. Ilikuwa mara ya kwanza kumwona akifanya kazi yake. Mkono wake wa kushoto ulikuwa umeshika shati kifuani.

"Banaweka maji mu chungu ya shaba," alianza. "Banafunika. Mwezi inapita: banangoja. Jua inatoka: sasa tu ndio banakunywa. Na hata vile, muganga anasema klori." Kijiti kiligusa wale vijidudu. "Badudu banacheza. Banacheza pole."

Akanyamaza, pale pale anaponyamaza siku zote. Nikangoja Kigoma. Nilikuwa tayari kumpiga na kile kikombe.

"Bamekufa," alisema.

Picha iliendelea lakini yeye hakuitazama tena. Aliniangalia mimi.

"Na mama yako alikufa. Hakuvukaka popote. Alikufa juu ya kile nilisema." Kijiti kilimponyoka, hakukiokota. "Na bangu ba Makobola. Muke yangu. Batoto. Bote balikufa."

Nikachukua kikombe alichonimiminia, nikanywa maji yote yakinuka hospitali, nikakaa naye mpaka akamaliza kulia.